Mwamba na Kusadikika: Jiolojia ya Ulimwengu wa Middle-earth na Funzo Lake kwa Mhakiki wa Mandhari

Ikisiri

Makala hii inachunguza jinsi ardhi ya ulimwengu wa kubuni inavyochangia kumfanya msomaji ausadiki ulimwengu huo. Mfano mkuu ni Middle-earth, ulimwengu uliobuniwa na mwandishi Mwingereza J.R.R. Tolkien. Ulimwengu huo umewahi kukosolewa na wajuzi wa jiolojia kwa sababu safu zake za milima hazifuati kanuni za uumbikaji wa milima halisi. Makala inakubali ukosoaji huo, lakini inadai kwamba msomaji huuamini ulimwengu wa kubuni pale mguu na mkono wa mhusika unapoligusa jiwe. Anayeitazama ramani kwa mbali hapimi jambo hilo. Katika kipimo hicho cha hatua, jiolojia ya Tolkien ni ya kweli kwa kiasi kikubwa, tena imefungamana na maadili ya kazi. Mwishoni, makala inalinganisha ulimwengu huo na nchi ya Kusadikika ya Shaaban Robert, ambayo haina mwamba wowote chini yake, na kupendekeza maswali yatakayomfaa mwanafunzi wa Kiswahili anapohakiki mandhari.

1. Utangulizi

Mandhari ni kipengele kinachotajwa katika takriban kila uhakiki wa riwaya unaofanywa na wanafunzi wa fasihi. Hata hivyo, aghalabu hutengewa aya moja tu. Mwanafunzi hutaja mahali na wakati, huongeza kwamba mandhari hayo yanawiana na maudhui, kisha huharakisha kuingia katika wahusika na dhamira. Ardhi yenyewe, yaani mawe, udongo, mapango na milima, huchukuliwa kuwa pazia lililotundikwa nyuma ya jukwaa. Waigizaji wakiondoka, pazia nalo hukunjwa.

Mazoea haya yana hasara ndogo katika riwaya inayosawiri Nairobi au Mombasa, kwa sababu msomaji huujua mji na hujijazia mwenyewe yaliyoachwa. Hasara huwa kubwa katika bunilizi ya kifantasia. Huko msomaji hana ardhi ya kwake ya kuazima. Kila jiwe analolikanyaga limewekwa na mwandishi, na lile ambalo mwandishi hakuliweka halipo. Hivyo basi swali la jiolojia katika fasihi ya aina hii halitoki nje ya fasihi. Ni sehemu ya swali la kale la mwanafasihi: je, jambo hili linasadikika?

Huenda ikasemwa kwamba kuupima ulimwengu wa njozi kwa jiolojia ni sawa na kupima ngano ya sungura kwa elimu ya wanyama. Pingamizi hilo lina uzito, na halipaswi kupuuzwa. Jibu lake ni kwamba fanani wa ngano hamwahidi msikilizaji ulimwengu kamili. Humwahidi tukio na funzo. Mwandishi wa riwaya ndefu ya kifantasia anayechora ramani, akapima masafa kati ya miji na kutoa majina ya milima katika lugha alizozibuni mwenyewe, amekwisha kutoa ahadi nyingine. Ni haki apimwe kwa ahadi hiyo.

2. Usuli wa ulimwengu wa Middle-earth

John Ronald Reuel Tolkien alizaliwa mwaka wa 1892 katika mji wa Bloemfontein, Afrika Kusini, akalelewa Uingereza tangu utotoni, na kufariki mwaka wa 1973. Alikuwa mwanaisimu na profesa katika Chuo Kikuu cha Oxford, na utaalamu wake ulihusu lugha na fasihi ya Kiingereza cha kale. Kazi zake zinazojulikana zaidi ni The Hobbit (1937) na The Lord of the Rings, iliyotoka kwa juzuu tatu kati ya mwaka wa 1954 na 1955. The Silmarillion, inayosimulia uumbaji na enzi za kwanza za ulimwengu huo, ilichapishwa mwaka wa 1977 baada ya kifo chake, chini ya uhariri wa mwanawe Christopher. Christopher huyo ndiye pia aliyechora ramani iliyochapishwa pamoja na The Lord of the Rings.

Kisa cha riwaya hiyo kinaweza kuelezwa kwa ufupi. Pete yenye nguvu za uovu, iliyofuliwa na Sauron katika moto wa mlima wa volkeno uitwao Orodruin, haiwezi kuharibiwa ila katika moto huohuo. Frodo na mtumishi wake Sam, ambao ni wahobiti, yaani watu wa kimo kifupi wapendao maisha ya shambani, wanasafiri kwa miguu hadi Mordor, nchi ya Sauron, ili kuitupa humo. Kwa hiyo jambo la kijiolojia limo katika kiini cha msuko. Safari nzima inaelekea kwenye ufa ulio ndani ya volkeno, na pasipo mlima huo hakuna kisa.

3. Ramani na lawama za wajuzi wa miamba

Wasomaji wenye elimu ya sayansi ya dunia walianza zamani kuichunguza ardhi hii. Mchoraji ramani Karen Wynn Fonstad alichapisha mwaka wa 1981 kitabu cha ramani za Middle-earth, akaeleza kwa michoro milima, mapango na nyanda zake kana kwamba ni nchi ya kweli. Miaka mingi baadaye, mwaka wa 2017, mwandishi Alex Acks, aliyesomea jiolojia, alitoa insha iliyokosoa milima ya Tolkien bila kuficha. Kiini cha lawama ni umbo la milima hiyo katika ramani. Milima inayoizunguka Mordor, yaani Ered Lithui upande wa kaskazini na Ephel Dúath upande wa magharibi na kusini, inakutana kwa pembe zinazokaribia pembe mraba, mithili ya kuta za boma.

Ili kuielewa lawama hii, yafaa kukumbuka jinsi milima halisi inavyoumbika. Gamba la dunia limegawanyika katika vipande vikubwa, au mabamba, ambayo husogea polepole sana. Mabamba mawili yanaposukumana, miamba hukunjika na kuinuka ikawa safu ndefu inayofuata mpaka wa mgongano huo. Himalaya zilianza kuinuka takriban miaka milioni 50 iliyopita, bamba lenye India lilipogongana na bara la Asia. Milima ya Andes ilitokana na bamba la sakafu ya bahari kuzama chini ya Amerika Kusini. Mabamba yanapoachana, ardhi hupasuka na kudidimia, kama inavyoonekana katika Bonde la Ufa la Afrika Mashariki. Katika hali zote hizi, safu ya milima ni alama ya nguvu iliyosukuma au kuvuta upande fulani. Nguvu ambayo ingejenga kuta tatu za mstatili kuizunguka nchi moja ni vigumu kuifikiria.

Lawama hii ni ya haki, lakini inahitaji kuwekwa katika wakati wake. Mjerumani Alfred Wegener alipendekeza nadharia ya kusogea kwa mabara mwaka wa 1912, na kwa miongo mingi wanajiolojia wengi waliikataa. Nadharia ya mabamba ilikubalika kwa mapana katika miaka ya 1960, yaani baada ya The Lord of the Rings kuchapishwa. Kadhalika, Tolkien mwenyewe hakudai asichokuwa nacho. Katika barua aliyoiandika mwaka wa 1955, alikiri kwamba umbo la ulimwengu wake katika Enzi ya Tatu lilibuniwa kwa kufuata mahitaji ya tamthilia ya kisa, wala si kwa kufuata jiolojia.

Ukiri huo wapaswa kuchukuliwa na mhakiki kama ufunguo. Kuta za Mordor ziliwekwa kwa ajili ya tukio. Wasafiri wawili dhaifu wakiwa mbele ya ukuta wa mawe usiopitika, wanabaki na njia mbili tu: lango kuu la Morannon, lililojaa walinzi, au njia ya juu ya Cirith Ungol, yenye hatari iliyofichika. Uteuzi huo mgumu ndio unaoibua mvutano wa sehemu yote ya pili ya safari yao. Kwa hakika, ndani ya The Silmarillion milima ina asili ya utashi tangu mwanzo. Safu ya Hithaeglir, ambayo katika riwaya ni Milima ya Ukungu, inasemekana kuinuliwa na Melkor, mwasi wa kwanza, ili imzuie Oromë asipite kwa farasi wake. Katika ulimwengu huo, basi, mlima unaweza kuwa kizuizi kilichokusudiwa. Kosa la kijiolojia katika ramani linabaki kuwa kosa, lakini lina mantiki yake ya kisimulizi.

4. Ukweli wa hatua ya mguu

Iwapo ramani ina kasoro kubwa kiasi hicho, mbona wasomaji wengi, wakiwemo wajuzi wa miamba, wameisadiki nchi hiyo? Jibu linalopendekezwa hapa ni kwamba kuna vipimo viwili vya ardhi katika bunilizi. Kipo kipimo cha ramani, ambapo jicho huitazama nchi kutoka juu. Kipo pia kipimo cha hatua, ambapo mhusika hukanyaga, huteleza, hukwaruzwa na huona kiu. Msomaji huishi katika kipimo cha pili. Ramani huifungua mara chache apate kujua wasafiri wamefika wapi, lakini kurasa mia kadhaa huzipitia akiwa chini pamoja nao.

Mfano wa kwanza ni mapango ya Aglarond, yaliyo nyuma ya ngome ya Helm's Deep. Yanaelezwa na Gimli, ambaye ni wa jamii ya vibete, mafundi wa mawe na madini. Gimli husimulia juu ya kumbi pana chini ya ardhi, nguzo za rangi nyingi, ncha za mawe zinazoning'inia darini, na vidimbwi vya maji matulivu vinavyolala chini yake. Haya ni maelezo sahihi ya pango la mawe ya chokaa. Maji ya mvua hunyonya gesi ya kaboni dioksaidi kutoka hewani na udongoni, yakawa asidi dhaifu. Asidi hiyo huyeyusha chokaa na kupanua nyufa hadi ziwe kumbi. Kisha tone linaponing'inia kwenye dari, gesi hutoroka, na chembe ndogo ya chokaa hubaki. Haba na haba hujaza kibaba: kwa maelfu ya miaka chembe hizo huwa ncha, na chini yake hukua kigingi, mpaka viwili hivyo vikutane na kuwa nguzo moja. Tolkien hakulibuni jambo hili kichwani tu. Alikubali baadaye kwamba mapango hayo yalitokana na mapango ya Cheddar Gorge, kusini magharibi mwa Uingereza, aliyoyatembelea mwenyewe. Msomaji wa Afrika Mashariki aliyewahi kuingia katika mapango ya Amboni, karibu na Tanga, ambayo nayo ni ya mawe ya chokaa, atayatambua maelezo ya Gimli mara moja.

Mfano wa pili ni Milima ya Ukungu yenyewe. Mwaka wa 1911, akiwa na umri wa miaka 19, Tolkien alitembea kwa miguu katika milima ya Uswisi pamoja na kundi la wasafiri. Safari hiyo aliitaja baadaye kuwa chimbuko la safari ya Bilbo katika The Hobbit, pamoja na mawe yanayoporomoka mlimani. Mteremko wa mawe yaliyovunjikavunjika, ambao mguu ukiukanyaga mlima mzima huanza kuteremka na mkanyagaji, ni jambo linalotokea kwenye milima mirefu ya baridi. Maji huingia katika nyufa za mwamba, huganda usiku yakapanuka, nao mwamba hupasuka kidogo kidogo. Mwandishi hakulieleza hilo kisayansi. Alilijua kwa nyayo zake, akampa mhusika wake.

Mfano wa tatu, nao ndio mzito zaidi, ni Orodruin. Mlima huu umesimama katika uwanda wa Gorgoroth. Masimulizi yanaupa msingi uliofura na kuvurugika, unaofikia takriban futi 3,000 juu ya uwanda, na juu ya msingi huo pia la nusu ya kimo hicho. Kwa jumla ni kama futi 4,500, au mita 1,370. Kimo hiki si cha kutisha. Kilimanjaro, kwa mfano, hufikia mita 5,895 juu ya usawa wa bahari. Mwandishi angeweza kuupa mlima wake kimo chochote alichotaka, lakini alichagua mlima ambao watu wawili waliochoka kwa njaa na kiu wangeweza kuupanda kwa kutambaa. Miteremko yake ni ya majivu na mawe yaliyoungua, hewa yake inakwaruza koo, na maji hayapatikani. Hivi ndivyo ilivyo katika pia changa ya volkeno: majivu yaliyorundikana hayashiki maji, na mguu huzama kila hatua.

Tena, volkeno hiyo ina athari nje ya mipaka yake. Kabla ya vita kuu, moshi wa Orodruin unasukumwa juu ya nchi ya Gondor hadi kunapambazuka siku isiyo na mapambazuko. Jambo hilo laonekana la kichawi, na kwa kweli Sauron ndiye analiendesha. Hata hivyo, lina mfano wake katika historia. Mlima Tambora wa Indonesia ulilipuka mwaka wa 1815, na vumbi na gesi yake vilipunguza joto la jua kiasi kwamba mwaka uliofuata, 1816, ulikosa majira ya joto katika sehemu za Ulaya na Amerika Kaskazini, mazao yakaharibika na watu wakakumbwa na njaa. Uchawi wa Sauron umejengwa juu ya jambo ambalo dunia yenyewe imelitenda.

Pana jambo jingine ambalo msomaji wa haraka hulipita. Mordor haikuwa jangwa tupu. Upande wa kusini, mbali na moshi wa mlima, kando ya maji ya ziwa Núrnen, palikuwa na mashamba makubwa yaliyolimwa na watumwa, nayo ndiyo yaliyolilisha jeshi la Sauron. Riwaya haielezi sababu ya rutuba hiyo. Mkulima wa miteremko ya Kilimanjaro, anayepanda kahawa na migomba, anaweza kuikisia. Majivu ya volkeno yakichakaa kwa muda mrefu hugeuka udongo wenye madini mengi yanayofaa mimea. Mlima uleule unaounguza jirani yake hulisha walio mbali nao. Kwa hiyo uovu wa Mordor haukutokana na ardhi yake. Ardhi ilikuwa na uwezo wa kulisha, na watu ndio waliotiwa minyororo juu yake. Baada ya vita, mfalme Aragorn aliwaacha huru watumwa hao na kuwapa mashamba yaleyale yawe mali yao. Dhuluma iliyoondolewa hapo ni ya umiliki. Udongo ulibaki palepale.

5. Jiwe na maadili ya mchimbaji

Hadi hapa ardhi imetazamwa kama kitu kinachomfanya msomaji asadiki. Ina kazi ya pili, nayo ni kupima mwenendo. Jambo hili laonekana wazi zaidi katika ulinganisho wa Moria na Aglarond.

Moria, ambayo jina lake la kale ni Khazad-dûm, ni makao makuu ya vibete chini ya Milima ya Ukungu. Utajiri wake mkuu ni mithril, madini mepesi yenye ugumu kuliko chuma, ambayo kwa maelezo ya Gandalf yalipatikana mahali hapo pekee. Mshipa wa madini hayo ulielekea chini na kaskazini, kuingia gizani chini ya mlima Caradhras. Vibete waliufuata. Mwaka wa 1980 wa Enzi ya Tatu, waliamsha jini la moto liitwalo Balrog, lililokuwa limejificha kwenye mizizi ya mlima. Mfalme wao aliuawa, na mwaka uliofuata jamii nzima ikayakimbia makao yake. Wahenga walinena kwamba mchimba kisima huingia mwenyewe.

Tukio hili nalo lina mantiki ya miamba. Mishipa mingi ya madini hutokana na maji ya moto yaliyopenya katika nyufa za mwamba na kuacha madini humo yalipopoa. Mchimbaji hana uhuru wa kuchagua njia. Mshipa humvuta unakokwenda, na mara nyingi unakwenda chini. Kadiri anavyoshuka ndivyo joto linavyopanda, kwa wastani wa nyuzi 25 hadi 30 za selsiasi kwa kila kilomita. Katika migodi ya dhahabu ya Afrika Kusini iliyofikia takriban kilomita 4, mwamba wenyewe una joto la kumuua binadamu iwapo hewa haitapozwa. Kwamba chini kabisa ya Moria kuna moto ni jambo ambalo mchimbaji halisi hatalishangaa. Balrog ni kiumbe wa njozi, lakini amelazwa mahali ambapo joto la dunia lingemfaa.

Aglarond ni kinyume cha Moria. Legolas, rafiki yake Gimli, anapohofia kwamba vibete wakiyajua mapango hayo watayaharibu kwa nyundo zao, Gimli humjibu kwa uchungu kwamba hakuna kibete ambaye angeyachimba kwa ajili ya mawe au madini. Wangeyatunza kama bustani, pengine wakiligonga jiwe mara moja kwa siku nzima ya mashaka. Baada ya vita, Gimli anarudi na watu wake na kuwa bwana wa mapango hayo. Chaguo la mwandishi la mawe ya chokaa hapa si la kubahatisha. Pango la chokaa hukua kwa tone. Anayekaa humo hana budi kujifunza subira ya tone hilo, ilhali mshipa wa madini humfunza mchimbaji pupa. Kila aina ya mwamba imeteuliwa ilingane na tabia ya wanaoishi nao.

Upande wa tatu wa ulinganisho huu ni uwanda ulio mbele ya lango la Morannon. Ardhi hapo haina hata pupa ya mchimbaji. Imeachwa ikiwa imeungua, imejaa mashimo na marundo ya taka na sumu, mfano wa makaburi yasiyo na wenyewe. Tolkien alipigana katika vita vya Somme, Ufaransa, mwaka wa 1916, na baadaye alikubali kwamba sehemu hiyo, pamoja na mabwawa ya wafu yaliyo karibu nayo, ina deni fulani kwa nchi ya kaskazini mwa Ufaransa baada ya vita hivyo. Mahali hapo binadamu mwenyewe amekuwa nguvu ya kijiolojia. Amegeuza sura ya nchi kwa miezi michache kuliko mito inavyoigeuza kwa karne nyingi.

6. Kusadikika: nchi isiyo na mwamba

Mwanafunzi wa Kiswahili anayetoka Middle-earth na kurudi kwenye fasihi yake hukutana na jambo la kustaajabisha. Mwaka wa 1951, miaka mitatu kabla ya juzuu ya kwanza ya The Lord of the Rings, Shaaban Robert alichapisha Kusadikika. Nchi yake ya kubuni iko angani. Haina mwamba chini yake, wala mwandishi haelezi inashikiliwa na nini. Mipaka yake haikuwekwa na milima wala mito. Imewekwa na pepo: Kaskazi, Kusi, Matlai na Umande. Ni vigumu kufikiria nchi iliyo mbali zaidi na kuta za mawe za Mordor.

Kwa kipimo cha jiolojia, Kusadikika haisadikiki hata kidogo. Hata hivyo, ndiyo iliyopewa jina hilo, na wasomaji wameisadiki kwa zaidi ya miaka 70. Wameisadiki kwa sababu mwandishi aliyaweka mahali pengine yale ambayo Tolkien aliyaweka katika jiwe. Uzito wa Kusadikika umo barazani, katika mashtaka ya waziri Majivuno dhidi ya Karama, na katika visa vya wajumbe sita waliotumwa huku na huku kuitafutia nchi heri, wakarudi na kulipwa kwa mateso. Msomaji hajui mjumbe alikanyaga nini, lakini anaijua dhuluma aliyotendewa. Sheria ndiyo mwamba wa nchi ile, na mwamba huo una ufa.

Ni vyema pia kukumbuka kwamba Shaaban Robert hakulisahau jiwe. Katika Adili na Nduguze (1952), Adili anafika katika mji ambao wakazi wake wamegeuka mawe kwa kumkana Mungu. Jiwe hapo halina matabaka wala madini; ni hukumu iliyoganda. Hii ni njia tofauti ya kulitumia, inayotokana na masimulizi ya Mashariki na ya kidini ambayo yaliirutubisha fasihi ya Kiswahili kwa karne nyingi. Itakuwa kosa kuilaumu kwa kutofanana na ile ya Tolkien, kama itakavyokuwa kosa kumlaumu Tolkien kwa kutofanana na Himalaya.

7. Funzo kwa mhakiki wa mandhari

Kutokana na mjadala huu, yapo maswali manne ambayo mwanafunzi anaweza kuyauliza kabla hajaandika aya yake ya mandhari.

Kwanza, ardhi ya kazi hii imetokana na nini? Mwandishi aweza kuwa amelieleza jambo hilo, ameliacha lidokezwe, au amelikataa kabisa. Kila mojawapo ya hali hizi ni uamuzi wa kisanaa.

Pili, msomaji anaiona ardhi kwa kipimo kipi, cha ramani au cha hatua? Kasoro katika kipimo kimoja haibatilishi ukweli wa kipimo kingine, lakini mhakiki sharti aseme anakosoa kipi.

Tatu, nani anaifanyia ardhi kazi, na kwa faida ya nani? Mashamba ya Núrnen yatajwa kwa maneno machache tu, lakini yanabadilisha maana ya nchi nzima ya Mordor.

Nne, ikiwa mwandishi ameinyima nchi yake ardhi, ameuweka uzito wa kusadikika wapi?

Maswali haya yanahitaji msamiati. Mwanafunzi asiyeweza kutenga majivu na lava, mawe ya chokaa na mawe ya volkeno, pango na mgodi, ataandika kwamba "mandhari ni ya milima" na kuishia hapo. Kiswahili kina maneno ya kutosha kuanzia kazi hii, mengine ya asili na mengine yaliyotoholewa, na majina ya mahali pake yanahifadhi elimu ya ardhi. Shimoni, kusini mwa Mombasa, huitwa hivyo kwa sababu ya mapango yake. Anayelijua hilo hatashangaa kwamba Tolkien naye aliita safu ya kaskazini mwa Mordor Ered Lithui, yaani milima ya majivu.

8. Hitimisho

Makala hii imeonyesha kwamba Middle-earth ina makosa ya kijiolojia katika ramani yake, hususan milima ya Mordor, na kwamba mwandishi wake aliyajua mapungufu hayo. Imeonyesha pia kwamba katika mapango, miteremko na volkeno zake mna ukweli uliotokana na kutembea na kutazama, na kwamba ukweli huo umefungamanishwa na maadili ya wanaochimba, wanaotunza na wanaodhulumu. Kwa upande mwingine, Kusadikika imethibitisha kwamba nchi inaweza kusimama bila mwamba, mradi kitu kingine kibebe uzito wake.

Hata nchi hiyo ya angani haikuweza kuisahau ardhi kabisa. Miongoni mwa wajumbe wake sita, wanne walielekezwa pande nne za dunia, mmoja mbinguni, na mmoja ardhini. Waliokaa juu ya pepo walijua kwamba sehemu ya heri yao iko chini, na wakamtuma mtu kuitafuta. Mhakiki wa mandhari anayo kazi kama ya mjumbe huyo: kushuka, kuikanyaga ardhi ya kazi anayoisoma, na kurudi na habari zake.